Kasa wa Nuruni: Mwongozo Kamili wa Kutengeneza Sanamu Inayoitikia Mwanga

Katika mji wa Nuruni hakuna mafuta ya taa wala mwezi. Mji huo niliubuni mwenyewe usiku mmoja umeme ulipokatika, nikiwa nimeketi barazani Mji wa Kale, Mombasa, na kwa hivyo sheria zake ni zangu. Kitu kimoja tu kilichomo nilitaka kukishika kwa mikono. Kwenye gati la bandari ya Nuruni amelala kasa wa jiwe ambaye mchana hunywa mwanga na usiku huulipa, gamba moja baada ya jingine, kuanzia katikati ya mgongo hadi pembeni. Mabaharia wanaoingia usiku huhesabu magamba yanayowaka: yakiwaka yote 13, wanajua kuwa mchana ulikuwa mweupe, yakiwaka matatu tu, wanajua kuwa mawingu yalitanda kutwa. Na mtu akimmulika kwa mwenge, kasa huzima taratibu, kwa kuwa hudhani kumekucha.

Mwongozo huu unaeleza namna ya kumtengeneza kasa huyo kwa urefu wa sentimita 60, kwa vifaa vinavyopatikana Mombasa, ili aweze kukaa dirishani, jukwaani kwenye mchezo wa kuigiza, au uani chini ya ukingo wa paa. Si kazi ya siku moja. Wangu wa kwanza alinichukua wiki sita, na wiki mbili kati ya hizo zilipotea kwa sababu nilianza na waya badala ya kuanza na mwanga.

Andika sheria kabla ya kununua chochote

Chukua karatasi na uandike kwa sentensi kamili mambo ambayo sanamu yako itayafanya na yale ambayo haitayafanya. Sheria zangu ni nne: kasa huwaka giza linapoingia, huwaka polepole, idadi ya magamba yanayowaka hutegemea mwanga alioupata mchana, na akimulikwa kwa muda, huzima. Kila sheria ina gharama yake ya vifaa. Ya kwanza inataka jicho moja, yaani kihisi cha mwanga, na resista moja, kile kipande kidogo kinachopunguza umeme, na fundi yeyote wa redio mtaani anaweza kukuundia saa ile ile. Ya tatu inataka sanamu iwe na kumbukumbu, na hapo ndipo unapolazimika kutumia ubao mdogo wa kompyuta. Msomaji anayetaka kitu chepesi na aishie kwenye sheria ya kwanza, hakuna aibu.

Sheria ya nne, nakiri, ilianza kama kasoro. Jioni ya kwanza niliyomtoa kasa nje, watoto walimzunguka wakimmulika kwa tochi za simu, naye akazima kila walipomkaribia. Nilikuwa nimeshaanza kujitetea, mzee mmoja jirani yetu aliponitazama akasema, “Mjukuu wangu, muache. Kasa huyo ana haya.” Tangu siku hiyo Nuruni hakuna mtu anayeruhusiwa kushuka gatini na mwenge. Hadithi kuzaliwa kutokana na kasoro si jambo geni. Karibu na Luxor nchini Misri kuna sanamu mbili kubwa za Farao Amenhotep wa Tatu, ambazo Wagiriki waliziita za Memnon. Tetemeko la mwaka 27 KK liliipasua moja, na kwa miaka mingi wasafiri walisimulia kwamba jiwe hilo lililopasuka hutoa sauti jua linapochomoza, sauti ambayo huelezwa kuwa ilitokana na jiwe kupata joto na umande kukauka ndani ya nyufa. Ilipokarabatiwa zama za Warumi, ikanyamaza.

Pima mwanga wa mahali pako

Hatua hii ndiyo watu huiruka, na ndiyo inayoamua kama sanamu itaonekana hai au itaonekana kama taa ya uani. Mombasa iko takriban nyuzi 4 kusini mwa ikweta, na jua letu huzama likielekea chini karibu wima. Mwaka mzima linazama baina ya saa kumi na mbili na saa moja kasorobo jioni, na muda wa machweo, tangu jua kupotea hadi usipoweza tena kusoma gazeti nje, ni kama dakika 20 tu. Maelekezo mengi ya mitandaoni yameandikwa na watu wa Ulaya, ambako machweo ya kiangazi huchukua muda mrefu. Ukiyafuata kama yalivyo, kasa wako atakuwa bado anajiandaa kuwaka hali nyota zimeshatoka.

Kipimo cha mwanga huitwa laksi. Jua la saa sita mchana hapa pwani hufika kama laksi 100,000. Siku ya mawingu mazito hushuka hadi 10,000 au chini yake. Sebule yenye taa ya kawaida huwa na laksi 100 hadi 300. Mbalamwezi haifiki hata laksi 1. Jicho la binadamu hulificha pengo hili kwa sababu hujirekebisha lenyewe, hata tukadhani kwamba kivulini na juani hazitofautiani sana. Jicho la sanamu halina huruma hiyo.

Kwa siku tatu, kaa mahali utakapomweka kasa na uandike: jua hufika lini, ukuta wa jirani hutia kivuli lini, taa ya barabarani huwaka saa ngapi na inaangaza upande gani, tuktuk zinapokata kona taa zake hupiga wapi. Kisha chagua upande ambao kasa atatazama. Mimi humwelekeza mashariki, baharini. Kwetu jua huchomoza baharini na kuzama bara, kwa hivyo upande wa mashariki ndio unaoanza kuwa na giza jioni na ndio unaoanza kung'aa alfajiri. Kasa anayetazama bahari huwaka mapema kidogo na kuzima mapema kidogo, jambo ambalo machoni pa mtazamaji linaonekana kama busara.

Macho mawili, kazi mbili

Kihisi tutakachotumia ni resista ya mwanga, ile yenye uso mdogo wa duara na mstari mwekundu uliojipinda kama nyoka, ambayo mafundi huiita LDR. Mwaka 1873 mhandisi Mwingereza Willoughby Smith, aliyekuwa akitumia vipande vya seleniamu kupimia nyaya za telegrafu za chini ya bahari, aliripoti kwamba vipande hivyo hupitisha umeme zaidi vikipigwa na mwanga. Resista za leo hutumia kadimiamu salfaidi badala ya seleniamu, lakini tabia ni ile ile: mwanga ukiongezeka, ukinzani, yaani namna inavyouzuia umeme, ambao hupimwa kwa omu, hupungua. Aina iliyo ya kawaida madukani huwa na kilo-omu 10 hadi 20 kwenye laksi 10, na gizani hufika megaomu 1. Kadimiamu ni sumu, kwa hivyo usiivunje wala kuichoma, na usimwachie mtoto mdogo aichezee.

Unganisha mguu mmoja wa resista ya mwanga kwenye volti 5 na mguu wa pili kwenye tundu A0 la Arduino Nano, ule ubao mdogo wa kompyuta, kisha kutoka tundu hilo hilo A0 uweke resista ya kawaida ya kilo-omu 10 iendayo kwenye ardhi, yaani upande wa hasi. Ubao husoma volti hiyo kama namba kati ya 0 na 1023. Gizani utapata namba kama 10. Kwenye mwanga wa laksi 10 utapata kati ya 300 na 500 na ushei. Sebuleni karibu na dirisha utapita 900.

Hapa ndipo nilipokwama. Nilitaka jicho hilo hilo litofautishe siku ya jua na siku ya mawingu, na kila nikisoma namba nje, iwe kumekucha jua kali au kumetanda wingu la masika, napata 1010 au zaidi. Nilidhani resista imeharibika, nikanunua nyingine, na nyingine. Kosa halikuwa la resista. Kwenye laksi 10,000 ukinzani wake umeshashuka hadi omu mia na kitu, kiasi kidogo mno mbele ya kilo-omu 10, na laksi 100,000 haiwezi tena kuongeza kitu kinachoonekana. Jicho limepofuka kwa mwanga.

Dawa yake ni kumpa kasa macho mawili. Jicho la kushoto hubaki wazi na kazi yake ni kuliona giza. Jicho la kulia, lililounganishwa vivyo hivyo kwenye tundu A1, huvalishwa miwani: lifunike kwa utepe mweusi wa umeme, toboa kitundu kimoja kwa ncha ya sindano nyembamba, kisha mbele yake uweke kipande cha plastiki nyeupe ya mtungi. Endelea kuongeza au kupunguza vipande hadi siku ya jua kali saa sita mchana upate namba karibu na 800. Siku ya mawingu mazito jicho hilo litakupa karibu 400, na tofauti hiyo inatosha kabisa. Kazi ya kutafuta unene wa miwani ilinichukua asubuhi mbili, na ni ya kuchosha, lakini hakuna hesabu itakayokuepusha nayo kwa sababu kila mtungi una unene wake.

Kila jicho liingize ndani ya kipande cha bomba la kalamu kilichopakwa rangi nyeusi, urefu wa sentimita 3, likitazama mbele mbali na mgongo. Ukilisahau bomba hili utaona kioja: magamba yanawaka, jicho linaona mwanga wa magamba, linadhani kumekucha, linazima, giza linarudi, linawasha tena, na kasa anapepesa kama taa ya gari la wagonjwa. Wangu alipepesa hivyo mbele ya wageni kwenye maonyesho ya shule, na nikalazimika kumfunika.

Mwili na gamba

Mwili unaweza kuchongwa kwa mbao au kusukwa kwa waya na karatasi. Wachongaji wa chama cha ushirika cha Akamba kilichoko Changamwe wana ujuzi ambao mimi sina, na mwenye uwezo wa kuagiza kasa wa mbao ya mwarobaini mwenye tumbo lililochimbwa wazi atapata kitu kitakachodumu kuliko changu. Mimi nilitumia waya wa kuku. Ukunje upate umbo la bakuli lililogeuzwa, urefu sentimita 60, upana 48 na kimo 18, uongeze shingo, kichwa na makasia manne, kisha ufunike kichwa, makasia na ukingo kwa matabaka ya magazeti yaliyochovywa kwenye gundi nyeupe ya mbao iliyoongezwa maji kidogo. Mgongo uache wazi. Usitumie uji wa unga wa ngano: mende na panya wa Mombasa hawataikosa karamu hiyo. Acha kila tabaka likauke kabisa kabla ya kuongeza jingine. Kipindi cha kaskazi siku mbili zinatosha. Mvua za masika zikianza huenda ukasubiri hata siku tano, na ukilazimisha, ukungu utaota ndani usikoona.

Ili aonekane wa jiwe la matumbawe kama kuta za Mji wa Kale, changanya chokaa, mchanga laini na gundi ile ile hadi mchanganyiko uwe mzito kama uji wa kulisha mtoto, upake kwa vidole, na kabla haujakauka uuchomechome kwa sifongo chakavu. Usiende ufukweni kuokota matumbawe halisi. Mchanga wa kujengea, uliochekechwa, unafanya kazi hiyo vizuri.

Sasa magamba. Kasa halisi, sawasawa na ng'amba, ana magamba makubwa 13 mgongoni: matano yamepangana katikati kuanzia shingoni hadi mkiani, na manne kila ubavu. Yachore kwenye karatasi ngumu kwanza na uyapange juu ya waya hadi yalingane. Kisha tafuta mitungi miwili ya plastiki ya lita 20, ile myeupe inayopitisha mwanga kama maziwa yaliyotiwa maji, sokoni Kongowea hukosi. Ioshe kwa sabuni, ikate kwa kisu kikali, na utumie mabega ya mtungi kwa magamba ya pembeni kwa sababu tayari yamejipinda. Pande bapa zifanye ziwe za katikati. Piga msasa upande wa nje ili mng'ao wa plastiki uondoke.

Hakuna gundi ya kawaida inayoshika plastiki hii. Nimejaribu nne, na zote zilibanduka ndani ya mwezi. Toboa matundu pembeni kwa msumari uliopashwa moto, dirisha likiwa wazi, na ushone kila gamba kwenye waya wa kuku kwa mshipi wa kuvulia samaki. Mshipi hauozi wala haushiki kutu, ilhali waya mwembamba wa kufungia nondo utaacha machozi mekundu juu ya gamba kabla ya mwaka kwisha. Acha nafasi ya milimita 4 kati ya gamba na gamba.

Nafasi hizo ndizo nilizozijaza kwa poda inayong'aa gizani, ile ya kijani itengenezwayo kwa strontiamu aluminati. Si lazima, ila ndiyo sehemu ya sanamu inayokunywa mwanga kwa kweli bila waya wowote: hushiba jua mchana, hung'aa sana saa ya kwanza ya usiku, kisha hufifia polepole. Maji huiharibu, kwa hivyo usiichanganye na gundi ya maji. Tumia vanishi safi isiyo ya maji, funika pua na mdomo unapoikoroga, na ukishaipaka funika kwa tabaka jingine la vanishi.

Taa chini ya gamba

Chini ya kila gamba weka taa moja ya LED, ya kijani au nyeupe inayoelekea manjano, ikiwa sentimita 4 hadi 5 chini ya plastiki. Ukiisogeza karibu zaidi utaona nukta kali badala ya gamba zima kuwaka. Jenga kuta za karatasi ngumu kuzunguka kila taa, uzipake rangi nyeupe ndani, ili mwanga wa gamba moja usivujie jirani yake. Bila kuta hizo, mwako wa gamba kwa gamba hautaonekana na kazi yote ya programu itapotea.

Taa hizi hutumia takriban volti 3, hivyo kwenye volti 5 resista ya omu 470 kwa kila taa huruhusu kama miliampea 4.3. Kiasi hicho ni kidogo, na ndicho kinachotakiwa, kwa sababu gizani taa hafifu hupendeza kuliko kali. Arduino Nano ina matundu sita yanayoweza kufifisha taa, yaani 3, 5, 6, 9, 10 na 11, na magamba 13 yanagawanyika humo bila kubaki. Tundu la kwanza hubeba gamba la katikati kabisa. La pili, magamba mawili yanayolifuata mbele na nyuma kwenye mstari wa uti wa mgongo. La tatu, manne ya ubavuni yaliyo karibu na gamba la katikati. La nne, mawili ya mwisho ya uti wa mgongo, la shingoni na la mkiani. La tano, mawili ya ubavuni upande wa mbele, na la sita mawili ya ubavuni upande wa nyuma. Tundu lililobeba taa nne hutoa kama miliampea 17, ambazo ziko ndani ya kikomo cha 20 kinachoshauriwa, na jumla ya taa zote ni kama miliampea 56.

Lehemu kila kiungo, usikisokote tu. Hewa yetu ina chumvi, na shaba iliyoachwa wazi hugeuka kijani ndani ya miezi michache. Kila kiungo nilichokilehemu nilikipaka rangi ya kucha isiyo na rangi, niliyoazima kwa dada yangu na sikuirudisha.

Programu, kwa maneno

Sitaandika programu yenyewe hapa, kwa kuwa mwenye kuijua lugha yake ataiandika kwa saa moja akishaelewa mantiki, na asiyeijua atamhitaji mtu wa kumsaidia ambaye naye atataka mantiki hii hii.

Kila sekunde, ubao usome jicho la kushoto na uweke wastani wa visomo 30 vya mwisho. Wastani ukishuka chini ya 150, usiku umeingia. Ukipanda juu ya 300, kumekucha. Ukiwa katikati, hali ibaki kama ilivyokuwa. Pengo hilo kati ya 150 na 300 ndilo linalomzuia kasa kuyumba wakati wa machweo, na wastani wa nusu dakika ndio unaompa utulivu. Taa ya tuktuk ipitayo kwa sekunde tatu haimshtui. Lakini mtu akimmulika machoni kwa tochi ya simu, kisomo kikaruka kutoka 50 hadi 900, itachukua kama sekunde tisa wastani kuvuka 300, na hapo ndipo kasa ataona haya na kuzima. Tochi ikiondolewa, hurudi kuwaka baada ya kama nusu dakika.

Kuwaka kwenyewe kuwe kwa zamu. Kila kundi la magamba lichukue sekunde 25 kutoka kuzima hadi kuwaka kikamilifu, ndipo kundi linalofuata lianze, hivyo mgongo mzima unajaa kwa dakika mbili na nusu. Ukiongeza nguvu kwa hatua sawa kutoka 0 hadi 255, macho yataona taa ikiruka mwanzoni kisha ikizubaa. Chukua namba ya hatua, uizidishe kwa yenyewe, ugawanye kwa 255, na utumie jibu hilo. Mwako utapanda kama pumzi. Watu wengi huniuliza kwa nini kasa wangu anaonekana kama anaamka, na hawaamini nikiwaambia kuwa ni kuzidisha na kugawanya tu.

Kwa ajili ya sheria ya tatu, kila dakika ya mchana ubao usome jicho la kulia na ujumlishe kwenye daftari lake, yaani kumbukumbu yake. Mchana wa Mombasa una visomo 720 hivi. Usiku ukiingia, gawanya upate wastani wa siku, na wastani huo uamue makundi mangapi yawake. Mipaka usiipokee kutoka kwangu. Andika wastani wa siku kadhaa za jua na siku kadhaa za mvua, kisha gawa nafasi iliyo katikati. Nimeweka kwamba, hata siku iwe mbaya vipi, makundi mawili ya kwanza huwaka, yaani magamba matatu, kwa sababu bandari haiachwi gizani.

Ongeza sharti moja ambalo mimi nililisahau: daftari jipya lisifunguliwe hadi mwanga uwe umeendelea kwa saa nzima. Bila sharti hilo, mtoto akimmulika kasa usiku, ubao hudhani kumekucha, hulifuta daftari la mchana, na tochi ikiondoka huanza usiku mpya ukiwa na hesabu ya sekunde chache. Baada ya siku ya jua la utosini nilimkuta kasa amewasha magamba matatu, nikafungua tumbo lake mara mbili nikitafuta waya uliokatika, na waya wote ulikuwa mzima.

Umeme na majaribio

Ndani ya nyumba tumia chaja ya simu ya volti 5. Usiingize umeme wa ukutani wa volti 240 ndani ya sanamu kwa namna yoyote. Kwa jukwaani, pawabenki hufaa, lakini nyingi hujizima zikiona matumizi ni madogo, nasi tunatumia kama miliampea 75 tu pamoja na ubao wenyewe. Ijaribu usiku kucha nyumbani kabla ya kuiamini mbele ya watu. Uani, betri moja ya lithiamu ya aina ya 18650 yenye miliampea-saa 2600, pamoja na ubao wa kuichaji wenye kinga, kipandisha volti hadi 5 na paneli ya sola ya wati 3, hutosha usiku wa saa 12 na kubakiza. Betri iweke kivulini chini ya tumbo, mbali na joto la mgongo.

Kabla ya kushona gamba la mwisho, fanya usiku wa bandia: mfunike kasa mzima kwa leso nzito iliyokunjwa mara mbili, subiri dakika moja, kisha uchungulie. Rudia mara kumi. Ukishona, acha mlango mdogo tumboni, na ndani yake utie vile vifuko vya kukausha unyevu vinavyopatikana kwenye maboksi ya viatu.

Matunzo ni machache. Kila baada ya wiki mbili futa macho yote mawili kwa kitambaa kilicholoweshwa maji baridi yasiyo na chumvi. Msimu wa kusi, upepo ulipokuwa ukivuma kutoka baharini mfululizo, wangu alianza kuwaka mapema, kwanza kwa dakika tano, baadaye kwa robo saa, na magamba yakapungua hata siku za jua kali. Nilibadilisha namba kwenye programu mara tatu kabla sijaona utando mweupe wa chumvi juu ya bomba la kalamu. Nilipoufuta, jioni ile ile alirudi kwenye saa yake.